Tarehe ya Mpira wa Kikapu na Silsila ya Walimu Wake

Hii ni tarehe ya mpira wa kikapu katika nchi ya Marekani, nayo nimeiandika kwa kuwa wasimulizi wengi huanza vema pale Springfield, kisha huruka kwa pupa hadi kwenye kumbi kubwa za New York, Boston na Los Angeles, ambako taa ni nyingi na fedha ni nyingi zaidi, wakaacha katikati pengo ambamo wamefunikwa watu waliostahili kutajwa mwanzo. Kila elimu ina silsila yake, na silsila ya mchezo huu, kwa mtu atakayeifuata kwa insafu, yatoka kwa Daktari James Naismith, aliyeuasisi, yamfikia John McLendon, aliyeutia mbio, pasi na mtu wa tatu baina yao. Wengine wote, hata wawe na vikombe vingapi, ni matawi.

Naismith alizaliwa tarehe 6 Novemba 1861 karibu na mji mdogo wa Almonte, jimbo la Ontario, nchini Kanada. Alipokuwa hajatimiza miaka 10, homa ya matumbo iliwachukua baba yake na mama yake katika mwaka mmoja, akabaki yatima mikononi mwa jamaa za mama yake. Aliacha shule kwa muda akaenda kukata magogo msituni, kisha akarejea masomoni, akafika Chuo Kikuu cha McGill mjini Montreal, na baada ya hapo akasoma elimu ya dini hata watu wake wakamtazamia kuwa kasisi. Walakini yeye aliona kwamba roho ya kijana yaweza kutengenezwa uwanjani kama itengenezwavyo kanisani, na kwa itikadi hiyo, iliyomchukiza dada yake, akavuka mpaka mwaka 1890 kwenda Springfield, Massachusetts, katika chuo cha Jumuiya ya Vijana wa Kikristo, yaani YMCA.

Hapo ndipo alipopewa darasa la watu 18, watu wazima waliokuja kusomea uendeshaji wa jumuiya, ambao wakati wa baridi kali, mchezo wa nje ukiwa hauwezekani, walilazimishwa kufanya mazoezi ya viungo ndani ya ukumbi, nao wakiyachukia mazoezi hayo na kumchukia kila aliyewafundisha. Walimu wawili walikwisha kushindwa nao. Mkuu wake, Daktari Luther Gulick, akampa siku 14 abuni mchezo utakaofaa ndani ya nyumba. Naismith akaijaribu michezo ya nje, mmoja baada ya mwingine, akaona kila mmoja ukiingizwa ukumbini huvunja madirisha au huvunja watu. Siku zilipokaribia kwisha akaukumbuka mchezo wa utotoni mwake huko Kanada, uitwao bata juu ya mwamba, ambamo mtoto hulenga kuangusha jiwe lililowekwa juu ya mwamba, na arushaye kwa nguvu nyingi hukosa, ilhali arushaye polepole, jiwe likapanda na kushuka kwa upinde, ndiye apataye. Akapata hoja yake: goli likiwekwa juu, mdomo wake ukaelekea mbinguni, nguvu za mabavu hazitakuwa na faida, na mwenye mpira akikatazwa kukimbia nao, hapatakuwa na sababu ya kumwangusha chini.

Akaandika kanuni 13, akamwendea mtunza jengo kuomba masanduku mawili. Masanduku hayakuwapo, akapewa vikapu viwili vya mapichi, akavigongomea kwenye ukingo wa roshani, kimoja huku na kimoja huku. Roshani hiyo ilitokea kuwa futi 10 kutoka sakafuni, na kwa sababu hiyo tu, si kwa hesabu ya mhandisi wala fatwa ya mwanachuoni yeyote, kikapu kingali futi 10 hadi leo duniani kote. Tarehe 21 Desemba 1891 watu 18 wale wakagawanywa 9 kwa 9, wakapewa mpira wa miguu waucheze kwa mikono, na katika mchezo wote likapatikana goli moja tu, la William Chase. Vikapu vilikuwa na vitako, hivyo kila mpira ulioingia ulihitaji mtu wa kuutoa.

Hapa hapana budi nisimame niwajibu watu wa Herkimer, mji mdogo katika jimbo la New York, wadaio kwamba mchezo huu ulianza kwao kwa mkono wa kijana aitwaye Lambert Will kabla Naismith hajapigilia msumari wake wa kwanza. Dai hili lilienezwa na mwenyeji wao mmoja, Frank Basloe, katika kitabu alichokitoa mwaka 1952, na walipendao mji wao hulisimulia hata leo. Sina ugomvi na mtu kuupenda mji wake. Lakini madai ya kale huthibitishwa kwa maandiko ya wakati wake, na maandiko ya Springfield yapo: kanuni 13 zilichapwa katika gazeti la chuo mwezi wa Januari 1892, wachezaji wenyewe wakiwa hai na wenye macho, wala hakuna aliyenyanyuka kukana, ilhali kitabu cha Herkimer kilikuja Naismith akiwa kaburini kwa miaka 13, hawezi tena kujibu. Isitoshe, karatasi zenyewe za kanuni zile zilihifadhiwa katika ukoo wake hadi zilipouzwa kwa mnada mjini New York, Desemba 2010, kwa dola zaidi ya milioni 4. Aliyezinunua hakuzipeleka Springfield wala Herkimer. Alizipeleka Lawrence, katika jimbo la Kansas, na sababu ya kupelekwa huko ndiyo kiini cha tarehe hii.

Mchezo ulienea upesi kupita uchukuzi wa siku zile, kwa kuwa vijana wa YMCA walitawanyika kila jimbo na kanuni mfukoni. Wanawake waliuanza mwaka 1892 chini ya Bibi Senda Berenson katika chuo cha Smith, si mbali na Springfield, naye akaugawa uwanja sehemu tatu ili ukali upungue. Naismith mwenyewe akaenda Denver, akasomea udaktari akahitimu mwaka 1898, na mwaka huo huo akaitwa na Chuo Kikuu cha Kansas, Lawrence, asimamie sala za wanafunzi na kufundisha mazoezi ya mwili. Akakaa huko hadi kufa kwake tarehe 28 Novemba 1939.

Katika miaka aliyoongoza timu ya chuo hicho, mwasisi wa mchezo alishinda mara 55 na kushindwa mara 60, na wako wanaoicheka hesabu hiyo. Mimi naihesabu kuwa fahari yake. Mtu huyu aliamini kwamba mpira wa kikapu huchezwa tu, haufundishwi kwa ajili ya ushindi, na alimwambia hivyo mwanafunzi wake Forrest Allen, aliyeitwa Phog, naye Allen asikubali, akashika timu mwaka 1907 akaanzisha kazi ya ukocha kama ijulikanavyo leo. Kwa Allen walipita Adolph Rupp wa Kentucky na Dean Smith wa Carolina Kaskazini, walioshinda sana. Hilo ni tawi lenye kelele, na watu wake wamekwisha kulisifu vya kutosha.

Sasa nije kwa McLendon. Alizaliwa Hiawatha, Kansas, tarehe 5 Aprili 1915, na mwaka 1933 baba yake akampeleka Lawrence akamwagiza amtafute Daktari Naismith, amwambie kwamba yeye ndiye atakayekuwa msimamizi wa masomo yake. Kijana akaingia ofisini mwa mzee, akasema hayo. Mzee akamuuliza ni nani aliyemwambia hivyo, akajibu kuwa ni baba yake. Mzee akasema kwamba kina baba husema kweli siku zote. Ndivyo alivyosimulia McLendon mwenyewe hadi uzeeni, nasi hatuna wa kumpinga. Akawa mwanafunzi mweusi wa kwanza katika somo la mazoezi ya mwili, na kwa kuwa alikuwa mweusi hakuruhusiwa kuichezea timu ya chuo ambacho mwasisi wa mchezo alikuwa mwalimu wake.

Na kuna habari ya birika la kuogelea. Kuogelea kulikuwa sharti la kuhitimu somo lile, lakini weusi hawakutakiwa majini, hivyo walipewa alama bila kulowa. McLendon akakataa alama ya bure, akaingia birikani akaogelea, na maji yote yakamwagwa baada yake, kana kwamba ngozi yake ilikuwa na rangi ya kuchujuka. Akakusanya saini za wanafunzi, Naismith akasimama upande wake, na hatimaye birika likafunguliwa kwa wote. Mnamo mwaka 1936, mwaka aliohitimu McLendon, makocha wa Marekani walichanga fedha wakampeleka Naismith Berlin auone mchezo wake ukichezwa katika Olimpiki kwa mara ya kwanza, ambapo Marekani iliishinda Kanada kwa 19 kwa 8 katika uwanja uliojaa tope.

Elimu aliyoipokea McLendon ilikuwa hii: siku moja mzee alimwonyesha watoto wakicheza, wote wakiufuata mpira uendako, akamwambia kwamba shambulio huanza pale unapoupata mpira, na ulinzi huanza pale unapoupoteza. Katika neno hilo kijana akaona mchezo mzima wa mbio na wa kumbana adui uwanja mzima. Wako wasemao kwamba mbio zilianzwa na Ward Lambert wa Purdue au Frank Keaney wa Rhode Island, nao walikimbiza timu zao kweli. Lakini hao hawakuyapokea kutoka kinywani mwa mwasisi, na mimi naandika silsila.

Mwaka 1940 McLendon akawa kocha mkuu wa chuo cha weusi mjini Durham, Carolina Kaskazini, ambako sheria ziliwatenga weusi na weupe shuleni, garini na mezani. Mjini humo humo kilikuwapo Chuo Kikuu cha Duke, na skuli yake ya udaktari ilikuwa na timu ya weupe iliyojaa wachezaji hodari walioletwa na mafunzo ya wakati wa vita. Vijana wa pande mbili wakapeana changamoto. Jumapili tarehe 12 Machi 1944, asubuhi, watu wa mji wakiwa makanisani na polisi pia, weupe wale wakaja kwa magari wakipita njia za kuzunguka, wakaingia ukumbini wakiwa wamejifunika, milango ikafungwa, akawekwa mwamuzi na saa, wala watazamaji hawakuruhusiwa. Mwanzoni kila upande uliogopa kumgusa mwenziwe. Kisha vijana wa McLendon wakaanza mbio zao, na walipomaliza hesabu ilikuwa 88 kwa 44. Nao hawakuagana hapo: wakachanganyika, weusi na weupe katika timu moja, wakacheza tena, jambo ambalo nje ya mlango ule lilikuwa kosa. Mwandishi mmoja wa gazeti la weusi aliijua habari akaizuia kalamu yake, na siri ikakaa zaidi ya miaka 50 hadi Scott Ellsworth alipoitangaza mwaka 1996. Nasema bila ya kusita kwamba hakuna fainali yoyote, hata ile iliyotazamwa na mamilioni, iliyo na daraja ya asubuhi ile.

Yaliyobaki nayapitia kwa ufupi. Robert Douglas, mzaliwa wa kisiwa cha St. Kitts, aliunda timu ya New York Rens mwaka 1923, iliyocheza Harlem katika ukumbi wa dansi, mchezo ukiisha watu wakacheza ngoma, nayo ikatwaa ubingwa wa dunia wa kulipwa mwaka 1939. Harlem Globetrotters waliishinda Minneapolis Lakers ya George Mikan mwaka 1948, kwa 61 kwa 59. Weusi waliingia NBA, ligi kuu ya kulipwa, mwaka 1950. Mwaka 1954 Danny Biasone wa Syracuse alileta sheria ya sekunde 24, akaukomesha mtindo wa kukaa na mpira. Bill Russell wa Boston alitwaa ubingwa mara 11. Mwaka 1966 timu ya Texas Western, ikianza na weusi watano, iliishinda Kentucky ya Rupp. Baadaye wakaja Magic Johnson, Larry Bird na Michael Jordan, ambao kila mtoto awajua. Ligi ya wanawake, WNBA, ilianza kucheza mwaka 1997. Na mwaka 2009 kijana wa Dar es Salaam, Hasheem Thabeet, alichaguliwa wa pili, na Memphis Grizzlies, katika uteuzi wa wachezaji wapya wa NBA.

Ama McLendon, alihamia Nashville, akaipa Tennessee A&I ubingwa wa taifa wa NAIA, jumuiya ya michezo ya vyuo, miaka mitatu mfululizo, 1957, 1958 na 1959, jambo ambalo hakuna kocha wa chuo aliyelitangulia. Alikuwa mweusi wa kwanza kuongoza timu ya ligi ya kulipwa, Cleveland, na mwaka 1966 wa kwanza kuwa kocha mkuu katika chuo kikuu cha weupe walio wengi. Alifariki tarehe 8 Oktoba 1999. Ukumbi wa Mashujaa wa Springfield, uliopewa jina la Naismith, ulimwingiza mwaka 1979, si kwa sifa ya ukocha bali kama mchangiaji wa mchezo. Sifa ya ukocha alipewa mwaka 2016, amekwisha kuwa maiti miaka 17. Basi wewe usomaye, utakapowasimulia wanao habari za mpira wa kikapu, ukishamtaja Naismith usiruke: mtaje McLendon, ndipo uendelee na wengine.