Wangari Maathai Mahakamani: Inakuhusu Nini?

Katika Luka 18 Bwana Yesu anatusimulia habari za mjane aliyemwendea kadhi asiyemcha Mungu wala kujali watu. Mara nyingi tunauhubiri mfano huu kama somo la maombi, na ndivyo Luka mwenyewe anavyouanza. Lakini tusimpite mjane haraka. Hana mume wa kumsemea, hana fedha, hana ndugu mkubwa barazani. Ana miguu yake na madai yake tu. Tena kadhi hamkatalii kwa kuwa hana haki, bali kwa sababu haoni kwa nini ajisumbue.

Katika historia ya Afrika Mashariki yupo mwanamke ambaye maisha yake yanatusaidia kuusoma mfano huu upya. Wengi tunamkumbuka Profesa Wangari Maathai wa Kenya kwa miti aliyoipanda na kwa Nishani ya Nobel ya Amani aliyotunukiwa mwaka 2004, wa kwanza miongoni mwa wanawake wa Afrika. Tunachosahau ni kwamba kabla ya kufika Oslo alipitia vituo vya polisi, mahabusu, gereza na mahakama, mara nyingi kuliko viongozi wengi wa siasa. Kila mara alikutana na swali lile lile kwa maneno tofauti: jambo hili linakuhusu nini?

Kutoka Ihithe hadi Kamukunji

Wangari alizaliwa tarehe 1 Aprili 1940 katika kijiji cha Ihithe, Nyeri. Alisoma kwa masista wa Kikatoliki, akaenda Marekani, na mwaka 1971 akapata shahada ya uzamivu Nairobi, mwanamke wa kwanza wa Afrika Mashariki na Kati kufikia hatua hiyo. Angeweza kukaa chuoni maisha yake yote. Lakini alipowasikiliza wanawake wa vijijini katika Baraza la Taifa la Wanawake wa Kenya, walimweleza habari za kuni zilizo mbali, maji machafu na watoto wasioshiba. Yeye akaona kwamba mashida hayo yana mzizi mmoja: miti imekatwa, udongo umechukuliwa na mvua, vijito vimekauka.

Tarehe 5 Juni 1977 yeye na wenzake walipanda miti saba katika uwanja wa Kamukunji, Nairobi. Huo ndio mwanzo wa harakati za Green Belt. Wanawake waliotesha miche walilipwa fedha kidogo kwa kila mche uliokua. Kufikia mwaka 2004 walikuwa wamepanda miti zaidi ya milioni 30. Siku hizi, tunapozungumza juu ya mabadiliko ya tabianchi, tunataja mikutano mikubwa ya mataifa. Wanawake wale walianza na jembe na mkebe wa maji.

Mara yake ya kwanza kuingia gerezani haikutokana na miti. Baada ya kesi ya talaka, alimkosoa hakimu hadharani, akashtakiwa kwa kuidharau mahakama na kuhukumiwa miezi sita. Alikaa siku tatu katika Gereza la Wanawake la Lang'ata, kisha akaachiwa. Tangu hapo alijua jinsi ilivyo rahisi kwa mtu kupita kutoka kizimbani hadi kwenye mlango wa chuma.

Kesi iliyokosa mshtaki

Mwaka 1989 ilijulikana kwamba chama tawala kilikuwa na mpango wa kujenga jengo la ghorofa 60 katika Bustani ya Uhuru, katikati ya Nairobi. Bustani hiyo ndiyo mahali ambapo mtu asiye na kitu huweza kukaa chini ya kivuli Jumapili na watoto wake bila kulipa senti. Wangari hakuanza kwa maandamano. Aliandika barua kwa wakubwa wa serikali, kwa wawekezaji, kwa balozi. Bungeni wabunge wakamdhihaki, wakiwaita yeye na wenzake kundi la wanawake waliopewa talaka. Rais Moi naye akasema hadharani kwamba mwanamke anayefuata mila za Kiafrika huwaheshimu wanaume na kunyamaza.

Hapo akaenda Mahakama Kuu kuomba ujenzi usimamishwe. Jibu la mahakama linafaa kukumbukwa na kila Mkristo anayependa haki. Mahakama haikuingia katika swali la kama bustani ya umma inaweza kuchukuliwa hivyo. Ilisema Wangari hana haki ya kushtaki, kwa sababu hakuonyesha hasara yake binafsi. Mambo ya umma ni ya Mwanasheria Mkuu wa Serikali. Kesi ikatupwa.

Tazama maana yake. Kama bustani ingekuwa ya mtu mmoja, mtu huyo angesikilizwa. Kwa kuwa ilikuwa ya watu wote, hakuna hata mmoja aliyeweza kuitetea. Na yule pekee aliyeruhusiwa kusema alikuwa mtumishi wa serikali ile ile iliyoutaka mpango huo. Baada ya muda mfupi ofisi ya Green Belt ikaondolewa katika jengo la serikali, na Wangari akawapokea wafanyakazi wake nyumbani kwake. Hata hivyo kelele zake zilikuwa zimewafikia wawekezaji wa nje, nao wakajitoa. Jengo halikujengwa.

Mashtaka yasiyotaja miti

Januari 1992, Wangari akikaribia miaka 52, polisi waliizingira nyumba yake. Alijifungia ndani kwa siku tatu hadi walipokata vyuma vya dirisha wakaingia. Yeye na wenzake waliodai demokrasia walishtakiwa kwa kueneza uvumi, uchochezi na uhaini. Uhaini adhabu yake ilikuwa kifo. Alilala katika sakafu baridi yenye maji, bila blanketi, naye alikuwa na ugonjwa wa magoti na mgongo. Siku ya kufikishwa mahakamani hakuweza kutembea. Ilibidi abebwe na askari wa kike. Alipopata dhamana alipelekwa hospitali akiwa juu ya machela. Novemba mwaka huo serikali ikayaondoa mashtaka yote.

Hapa tukumbuke shamba la mizabibu la Nabothi katika 1 Wafalme 21. Ahabu alilitaka shamba, Nabothi akakataa kuutoa urithi wa baba zake. Lakini mbele ya wazee wa mji hakuna aliyetaja shamba. Nabothi alishtakiwa kwa kumtukana Mungu na mfalme, na mashahidi wawili wakaletwa. Taratibu zote zilionekana kufuatwa. Hati ya mashtaka ya Wangari nayo haikutaja bustani wala msitu. Ndivyo dhuluma inavyoitumia sheria: shauri la kweli hufichwa, na mtetezi hupewa jina la mwasi.

Kanisa lililofungua mlango

Mwezi mmoja tu baadaye, tarehe 28 Februari 1992, Wangari alikaa katika kona ya Bustani ya Uhuru pamoja na akina mama wazee ambao wana wao walikuwa wamefungwa kwa sababu za kisiasa. Walifunga kula, wakiomba watoto wao waachiwe. Tarehe 3 Machi polisi waliwavamia kwa virungu na mabomu ya machozi. Wangari alipigwa akazimia. Baadhi ya wale mama walivua nguo mbele ya askari, jambo ambalo katika mila zetu nyingi ni laana nzito ya mzazi kwa kijana anayempiga.

Ng'ambo ya bustani lipo Kanisa Kuu la All Saints la Kianglikana. Akina mama waliobaki walihamia humo, wakakaa karibu mwaka mzima wakiendelea kuomba na kudai. Kanisa halikuwa na jeshi wala mwanasheria wa kuishinda dola. Lilikuwa na chumba, maji na mlango. Mwanzoni mwa 1993 karibu vijana wote waliokuwa wakidaiwa waliachiwa.

Katika Mathayo 25 Bwana wetu anahesabu waliomtembelea akiwa kifungoni. Tumezoea kulitimiza neno hilo kwa kupeleka sabuni na sukari gerezani siku ya Krismasi, na ni vema. Lakini akina mama wale wanatuongezea swali: je, mfungwa asiyestahili kufungwa anatosheka na sabuni? Kanisa kuu lile lilimtembelea mfungwa kwa kumpa mama yake mahali pa kulala huku akidai haki yake.

Sahihi ya damu

Karibu na mwisho wa miaka ya 1990 viwanja vya Msitu wa Karura, hekta zipatazo 1,000 kaskazini mwa Nairobi, vilikuwa vikigawiwa watu binafsi. Tarehe 8 Januari 1999 Wangari, mwenye miaka 58, alikwenda na wenzake kupanda mti mlangoni mwa msitu. Walinzi wengi wenye mapanga, mijeledi na marungu waliwashambulia, naye akapigwa kichwani. Alikwenda kituo cha polisi kutoa taarifa, damu ikimtoka. Alipoambiwa atie sahihi, alichovya kidole katika damu ya kichwa chake akaweka alama ya X. Polisi hawakuwakamata waliompiga.

Ni jambo la ajabu kwamba mtu aliyetendewa hivyo na polisi bado alikwenda polisi kuandikisha malalamiko. Wala hakufanya hivyo kwa ujinga. Alitaka iandikwe. Mwezi Agosti mwaka huo Rais alitangaza kusimamisha ugawaji wa ardhi ya umma. Karura bado ni msitu hata leo, na watoto wa Nairobi hutembea humo.

Je, alikuwa mwasi?

Najua baadhi yetu watauliza juu ya Warumi 13. Je, Mkristo hakuamriwa kuitii mamlaka? Ndiyo, ameamriwa, na sisi Walutheri tumefundishwa kwamba serikali ni kipawa cha Mungu cha kuzuia uovu. Kwa sababu hiyo hiyo hatuwezi kunyamaza kipawa hicho kinapotumiwa kuulinda uovu. Mtume Paulo mwenyewe, katika Matendo 16, alipigwa na kufungwa Filipi bila hukumu. Kesho yake walipotaka kumwachia kimyakimya alikataa, akataka wakubwa waje wenyewe kuwatoa. Hakuvunja sheria; aliwakumbusha wenye sheria sheria yao.

Wangari alifuata njia hiyo. Aliandika barua, akafungua kesi, akatoa taarifa kituoni, akapanda miti. Mwaka 2002 wananchi wa Tetu walimchagua kuwa mbunge, na mwaka uliofuata akawa Naibu Waziri wa Mazingira katika serikali mpya. Mwaka 2010 Kenya ikapata katiba inayompa kila mtu haki ya mazingira safi, na kumruhusu kwenda mahakamani kuitetea bila kuonyesha kwamba yeye binafsi amepata hasara. Sisemi kwamba mtu mmoja alileta hayo yote. Lakini swali lililomfungia mlango mwaka 1989 lilipata jibu katika katiba, naye alikuwa hai kuliona.

Kwetu Tanzania pia mlango huo upo. Mwaka 1988 wakazi wa Tabata waliishtaki Halmashauri ya Jiji la Dar es Salaam kwa takataka zilizotupwa na kuchomwa karibu na nyumba zao, na Mahakama Kuu iliwasikiliza. Sheria yetu ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004 inampa mtu nafasi ya kwenda mahakamani kuitetea haki ya mazingira safi na salama.

Sisi wa kando ya ziwa

Wangari Maathai alifariki tarehe 25 Septemba 2011. Hakutaka mti ukatwe kwa ajili yake. Jeneza lake lilitengenezwa kwa mianzi, mafunjo na magugu maji, yale yale yanayoziba mialo ya ziwa letu.

Hapa Kisesa na vijiji jirani tumeona mengi. Vilima vimeishiwa miti kwa ajili ya mkaa. Mvua haiji kwa majira tuliyoyazoea, kisha huja yote kwa pamoja. Mwaka 2020 ziwa lilipanda mno, likaingia katika nyumba na mashamba ya kandokando. Na bado mtu anapochimba mchanga ukingoni mwa mto, au eneo la malisho ya wote linapopunguzwa kidogo kidogo, tunapita tukisema, "Si shamba langu." Hiyo ndiyo hukumu ya mwaka 1989, ila sasa tunaitoa sisi wenyewe. Wazee wa Kisukuma hawakusema hivyo. Walitenga ngitili ili nyasi na miti vipumzike, na jambo la wote waliliamua wote katika dagashida. Aliyeingiza ng'ombe kwa siri alijua kwamba kila jirani ana haki ya kumwuliza.

Kila aliyepata Kipaimara alijifunza Katekisimu Ndogo. Katika ombi la nne la Sala ya Bwana, Martin Luther anaeleza maana ya mkate wa kila siku. Kati ya mambo anayoyahesabu zimo serikali njema na hali njema ya hewa, pamoja na amani na majirani waaminifu. Tumeyakariri hayo tangu utoto bila kushangaa kwa nini mvua na hakimu vimewekwa katika ombi moja. Maisha ya Wangari yanatueleza sababu. Pasipo hakimu anayesikiliza, msitu hauna mtetezi. Na pasipo msitu, mkate haufiki mezani.

Basi, tunaposali tupewe riziki yetu, tukumbuke tunaomba nini. Kama katika usharika wetu yupo mama mzee anayekwenda ofisi ya kijiji kwa mara ya tano kuulizia chanzo cha maji kilichozungushiwa uzio, tusimwache aende peke yake. Bwana Yesu alipomaliza mfano wa mjane aliuliza kama Mwana wa Adamu atakapokuja ataiona imani duniani. Nadhani sehemu moja atakayoitafuta imani hiyo ni kwenye benchi la nje ya ofisi ile, kuona ni nani aliyeketi pamoja naye.