"Ndio Mzee" na "Waitu": Bukoba na Muleba zilivyoisikiliza albamu ya Professor Jay

Mwaka 2001 Joseph Haule, anayefahamika kwa jina la Professor Jay, alitoa albamu yake ya kwanza akiwa peke yake na kuiita Machozi, Jasho na Damu. Hakuwa chipukizi. Alikuwa ametokea katika kundi la Hard Blasters Crew, ambalo mwaka mmoja kabla lilikuwa limetoa albamu ya Funga Kazi, yenye wimbo wa Chemsha Bongo. Ukoo wa Haule ni wa kusini, na Ruvuma na Ludewa wanaujua vizuri. Sisi wa Kagera tuko pembe nyingine kabisa ya nchi, ng'ambo ya Ziwa Viktoria. Anahesabiwa miongoni mwa wasanii waliowafanya wazazi wakae na kuusikiliza muziki waliokuwa wakiuita wa wahuni.

Mapokezi ya albamu hiyo Dar es Salaam yameelezwa mara nyingi. Mimi nataka kuyatazama kutoka Bukoba na Muleba, ambako nilikulia. Hoja yangu ni kwamba tuliielewa haraka kuliko watu wengi walivyotarajia, kwa sababu masikio yetu yalikuwa yameandaliwa na sanaa yetu wenyewe. Hata hivyo tulikwepa jambo moja kubwa lililokuwa ndani yake, nalo lilituhusu sisi wasikilizaji zaidi ya lilivyowahusu wanasiasa.

Tuanze na hali ya wakati ule. Mwaka 2001 bei ya kahawa katika soko la dunia ilianguka chini ya senti 50 za Marekani kwa ratili. Mkataba wa kimataifa uliokuwa ukigawa viwango vya mauzo ulikuwa umevunjika tangu 1989, na soko la ndani lilikwisha kufunguliwa kwa wanunuzi binafsi katika miaka ya 1990. Kwa mkulima wa Kamachumu au Nshamba mambo haya hayakuwa nadharia ya uchumi. Kahawa ndiyo iliyolipa ada ya sekondari, bati za nyumba na gharama za msiba. Mkoa ulikuwa bado unauguza majeraha ya UKIMWI, ambao wagonjwa wake wa kwanza nchini walitambuliwa Kagera mwaka 1983, na ya kuzama kwa MV Bukoba tarehe 21 Mei 1996. Jina la albamu lilipotufikia, halikuhitaji ufafanuzi.

Nilikuwa nimemaliza kidato cha sita, nikisubiri kwenda chuo kikuu. Muziki ulitufikia kwa njia mbili: redio, hususan Radio Free Africa ya Mwanza, na kanda za kaseti. Kanda moja ilizunguka kwa vijana kumi, ikadurufiwa mpaka sauti ikaanza kukoroma. Vijijini ambako umeme haukuwa umefika, betri za redio zilianikwa juani ili zipate nguvu kidogo ya kumalizia upande wa pili wa kanda. Kwa hiyo albamu hii haikusikilizwa na mtu mmoja mmoja. Ilisikilizwa na kikundi barazani, na wazee wakiwemo, wapende wasipende.

Hapo ndipo penye jambo ambalo wachambuzi wengi wa muziki huu hawaligusi. Wazee hawakushangazwa na mtu mmoja kusimama, kutaja jina lake na kumwaga maneno kwa kasi akijisifu mbele ya watu. Wahaya wana sanaa ya kale inayoitwa okwebuga. Mtu husimama mbele ya Mukama au mbele ya hadhira ya harusi, akajitamba kwa mafumbo, kwa mkazo na kwa pumzi moja ndefu, akieleza yeye ni nani, ametenda nini na atatenda nini. Pamoja na hiyo ipo sanaa ya nanga, ambamo manju mmoja hughani tendi ndefu za mashujaa na watawala huku akijipigia ala yake. Profesa Mugyabuso Mulokozi ametumia sehemu kubwa ya maisha yake ya kitaaluma kuonyesha kwamba tendi hizo zina hadhi sawa na tendi za mataifa mengine. Msanii wa kufokafoka anapotoa wimbo unaoitwa Jina Langu, mzee aliyewahi kushuhudia okwebuga anajua papo hapo yuko mahali gani. Atakachouliza ni swali lililo la haki kabisa: huyu kijana anayejitamba, ameahidi nini, na ameahidi kwa nani?

Swali hilo linatupeleka kwenye Ndio Mzee, wimbo ulioibeba albamu. Msanii anajivika nafsi ya mwanasiasa aliye jukwaani. Anatoa ahadi, moja inaizidi nyingine, mpaka zinafika mahali ambapo hakuna serikali yoyote duniani ingeweza kuzitimiza. Katika kila ahadi umati unaitikia kwa maneno yaleyale mawili yaliyoupa wimbo jina. Hakuna mtu anayetajwa kwa jina. Hakuna chama wala jimbo. Kuna mnenaji na kuna waitikiaji, basi.

Hata jina la albamu lina kinaya chake likiwekwa kando ya wimbo huo. Mei 1940 Winston Churchill alilieleza Bunge la Uingereza kwamba hakuwa na cha kutoa ila damu, taabu, machozi na jasho. Kiongozi yule aliahidi mateso kwa sababu vita vilikuwa mlangoni. Mgombea wa Ndio Mzee anaahidi raha tupu kwa watu ambao machozi, jasho na damu wanavyo tayari.

Sasa tuutazame mwitikio wenyewe. Katika Kihaya tuna neno "waitu", neno la heshima ambalo hadi leo linamwagika kwenye mazungumzo yetu kila tunapomwitikia mtu tunayemstahi. Ni neno zuri, na sitaki lidharauliwe. Lakini neno hilo lina historia. Chini ya mfumo wa nyarubanja, familia nyingi ziliishi kwenye ardhi iliyokuwa imegawiwa kwa mabwana, zikilipa kodi kwa bwana na kuishi kwa hisani yake. Mfumo huo uliondolewa kisheria mwaka 1965, yaani miaka minne baada ya Uhuru. Mtu ambaye kibanja chake kinaweza kuchukuliwa kesho hajibu kwa namna nyingine. Anaitikia kwa heshima, kisha anakwenda nyumbani na kusema ya moyoni mwake gizani. Umati wa Ndio Mzee tuliufahamu kwa sababu babu zetu walikuwemo.

Hata hivyo historia ya Kagera si ya kuitikia tu. Mwaka 1924 Bukoba Bahaya Union ilianzishwa, na Klemens Kiiza akiwa miongoni mwa viongozi wake, ikawa mojawapo ya vyama vya mwanzo vya Waafrika nchini kuhoji utawala. Mwaka 1937 wakulima walizipinga hadharani kanuni za serikali kuhusu kilimo cha kahawa. Mwanzoni mwa miaka ya 1950, Ali Migeyo wa Kamachumu aliitisha mkutano wa hadhara wakati wananchi wakiwa na hasira juu ya wakaguzi walioingia kwenye migomba yao. Mkutano ulitawanywa kwa mabomu ya machozi, naye akafungwa. Gelase Mutahaba aliandika wasifu wake, kitabu ambacho kila mwanafunzi wa siasa kutoka mkoa huu angepaswa kukisoma. Kwa hiyo katika Muleba hiyohiyo, nusu karne kabla ya albamu ninayoijadili, walikuwepo watu waliopandiwa jukwaani na wakakataa kuitikia.

Kwa nini basi wimbo ulipotufikia hatukumkumbuka Ali Migeyo? Jibu langu ni kicheko. Tulimcheka mwanasiasa wa kwenye kanda mpaka machozi yakatutoka. Kila kijiji kilimpata mtu wa kumbandika, na jina la wimbo likawa utani: mtu akiahidi kurudisha deni Jumatatu, aliitikiwa "ndio mzee". Baadaye niliwaona hata viongozi wakiutikisia kichwa wimbo huo kwenye sherehe, kila mmoja akiamini unamsema jirani yake. Dhihaka iliyomhusu kila mtu ikaishia kutomhusu yeyote. Na sisi tuliokuwa umati hatukujiona kabisa. Tulisikia sauti ya mnenaji. Sauti ya waitikiaji tuliichukulia kama kiitikio cha kuchezea.

Mwaka huohuo wa 2001, Kagera nayo ilitoa albamu yake kwa taifa. Saida Karoli, binti wa Bukoba, alitoa Maria Salome, na nchi nzima ikaimba Kihaya bila kukijua. Nauona mwaka huo kama mabadilishano: Kiswahili cha jijini kikatujia kwa kanda, Kihaya chetu kikaondoka kwa kanda. Lakini wapenzi wa Saida, kutoka Mtwara hadi Kampala, walikiri kwamba hawaelewi kila neno, wakauliza maana, wakatafsiriwa. Wimbo huo ulipofufuliwa na Diamond Platnumz na Rayvanny mwaka 2016, watu waliuliza tena. Kuhusu Ndio Mzee hakuna aliyeuliza, kwa sababu kila mtu aliamini ameelewa.

Yaliyofuata yanajulikana. Professor Jay aliurudia mjadala wa siasa katika Kikao cha Dharura. Mwaka 2015 alichaguliwa kuwa mbunge wa Mikumi kupitia CHADEMA, akalitumikia jimbo hadi 2020. Mtunzi wa Ndio Mzee akawa yeye mwenyewe mtu wa kupanda jukwaani na kuahidi. Wapo waliosema amejikana. Mimi naona kwamba alikubali kupimwa kwa mizani aliyoitengeneza, jambo ambalo wakosoaji wengi, sisi wa vyuo vikuu tukiwemo, hatulithubutu.

Lakini jukwaa alilolikuta halikuwa lile la 2001. Kuanzia 2016 mikutano ya hadhara ya vyama vya siasa ilizuiwa, isipokuwa mbunge kwenye jimbo lake na wakati wa kampeni, na zuio hilo liliondolewa Januari 2023. Machi 2017 Nay wa Mitego alikamatwa kwa ajili ya wimbo wa Wapo, kabla ya kuachiwa kwa maelekezo ya Rais. Mwezi uliofuata Roma Mkatoliki alichukuliwa na watu wasiojulikana kutoka studio, akapatikana siku kadhaa baadaye. Februari 2018 Joseph Mbilinyi, yaani Sugu, msanii mkongwe na mbunge wa Mbeya Mjini, alihukumiwa kifungo cha miezi mitano kwa maneno aliyoyasema mkutanoni.

Wanafunzi wangu huniuliza mara kwa mara ilikuwaje Ndio Mzee ipigwe redioni asubuhi na jioni, nyimbo za baadaye zikaleta polisi. Jibu la haraka ni kwamba watawala walibadilika. Si uongo, lakini halitoshi. Ndio Mzee iliruhusiwa kwa sababu ilikwisha kuonekana kwamba haitubadilishi. Watu walioucheka wimbo Jumamosi waliitikia mkutanoni Jumapili. Mtawala mwenye akili hana sababu ya kuzima kicheko cha namna hiyo, kinampunguzia kazi. Zuio la mikutano lilipokuja, nalo tuliliitikia kwa ukimya, nasi tukawa tumeupa wimbo ubeti ambao mtunzi hakuuandika.

Kwa mwanafunzi, ombi langu ni kwamba ukiifanyia utafiti albamu hii usiishie kwenye mashairi na midundo. Nenda Kamachumu, nenda Kashozi, nenda Rwamishenye, ukawaulize waliokuwa na kanda walifanya nini baada ya kuizima. Historia ya wimbo imo humo. Kwa mwanaharakati, kumbuka kwamba kumdhihaki kiongozi ni kazi nyepesi kuliko kumfundisha jirani yako kuuliza bajeti ya kata imetumikaje.

Na kwa mtumishi wa umma, ambaye siku hizi anaitwa mzee hata akiwa na miaka thelathini: safari ijayo utakapoketi mbele ya mkutano wa kijiji, ukasoma taarifa ya utekelezaji na ukumbi mzima ukaitikia bila swali hata moja, usiandike kwenye muhtasari kwamba wananchi wameridhia. Subiri kidogo. Mwulize bibi aliyekaa nyuma anaonaje, na umpe muda wa kumaliza kusema "waitu" ili afikie lile alilotaka kusema.