Uvundo wa Mto Thames

Mwaka 1801 London ilikuwa na watu wapatao milioni moja. Nusu karne baadaye walikwisha kupita milioni mbili, na taka za halaiki hiyo zikimiminika katika Mto Thames, ambao wengi waliteka humo maji ya kunywa, hata kipindupindu kikawaangamiza maelfu. Waheshimiwa wa Bunge, waliodhani afya ni shauri la kila mtu na nyumba yake, hawakuzinduka barabara ila kiangazi cha 1858, uvundo ulipowaingilia barazani mwao, mapazia yakarowekwa dawa ya chokaa. Sheria ikapitishwa upesi, na mhandisi Joseph Bazalgette akajenga mifereji mikuu ya maili 82 chini ya ardhi. Hivyo msongamano wa mji ndio uliowafunza watawala kwamba usafi wa fukara na salama ya tajiri havitengani, na kuusimamia ni faradhi ya serikali.