Ujabari: Sifa au Tusi?

Masika moja kijana wa kwetu Mtunda aliuvuka mto Rufiji kwa mtumbwi, maji yamefurika, ili amfikishie nduguye dawa. Habari ilipofika barazani mzee mmoja akasema, "Kijana huyu ana ujabari." Mzee wa pili akakunja uso: "Usimtukane mtoto wa watu." Wakanigeukia mimi, mwalimu mstaafu wa Kiswahili, niamue. Siku ile nilishindwa.

Neno hili, ambalo ujasiri na ushujaa yamelisukuma pembeni, limesalia zaidi kwa malenga, nadhani kwa sababu ya kina chake kinachokubaliana na bahari na hatari. Asili yake ni jabbar ya Kiarabu, yenye mzizi j-b-r. Mzizi huo hubeba maana ya kuunga mfupa uliovunjika, kukirudisha kitu katika hali yake, na pia kulazimisha. Ndimo lilimotoka jina Jabiri, nililoliita mara nyingi katika daftari la mahudhurio. Na ndimo ilimotoka aljebra, kupitia kitabu cha al-Khwarizmi wa Baghdad, karne ya 9. (Wanafunzi walionijia wakilia kwa aljebra hawakujua kuwa somo hilo ni ndugu wa mwunga mifupa.)

Al-Jabbar ni miongoni mwa majina ya Mwenyezi Mungu. Binadamu aitwapo hivyo katika Kurani, hulaumiwa: ni mwenye kiburi, mwonevu. Mzee wa pili, aliyelelewa madrasa, alisikia Kiarabu. Mwenzake alisikia Kiswahili, ambamo jabari ni shujaa asiyetishika.

Sikubali, hata hivyo, kwamba maana ya kwanza ilitutoka kabisa. Tarehe 4 Agosti 1905, siku chache baada ya pamba kung'olewa Nandete na Vita vya Majimaji kuanza, Wajerumani walimnyonga Kinjikitile Ngwale, mganga wa Ngarambe, pale Mohoro, humu humu Rufiji. Aliyeshika kamba alikuwa jabari kwa Kiarabu. Aliyevishwa kitanzi, jabari kwa Kiswahili. Neno moja liliwatosha wote wawili.

Niliwarudia wazee na maelezo haya. Yule wa pili akasema, "Basi Mwalimu, tumwite shujaa, yaishe." Nikamwambia kuwa shujaa nalo, kwa Kiarabu, ni jina la nyoka vilevile. Akaniomba nikae ninywe kahawa kwanza.