Tapeli Tuliyempenda: Waovu wa Majarida Yetu ya Vichekesho

Mwaka 1940 ulikuwa wa neema kwa waovu wa katuni za Marekani. Joker alitokea katika toleo la kwanza la Batman, uso mweupe na meno yote nje, na mwaka huohuo Lex Luthor akaanza kumsumbua Superman. Mwaka 1962 akafuata Doctor Doom, mtawala wa nchi nzima aliyejivika chuma kuanzia utosini hadi unyayoni. Watatu hao wakishuka leo stendi ya Bagamoyo, hata mtoto atajua kwamba shari imeingia mjini.

Ndumilakuwili ungempisha kiti.

Waliosoma jarida la Sani miaka ya 1980 hawahitaji kuambiwa yeye ni nani. Hakuwa na ngome wala mtambo wa kuangamiza dunia. Kazi yake ilikuwa kumpa huyu habari hii na yule habari ile, kisha akae katikati na kula kwa wote wawili. Katika ukanda huu wa pwani, kuanzia Tegeta, Bunju na Mapinga hadi Bagamoyo, Saadani na Pangani, mtu wa namna hiyo hakuwa mgeni kwa yeyote. Ukiifuatilia historia ya majarida yetu ya vichekesho, unaona wachoraji wakimtambua mtu huyohuyo kila anapobadili nguo.

Kabla ya Sani

Mjanja alifika pwani kabla ya mitambo ya kuchapa. Katika hadithi za bibi zetu, Sungura huwazunguka Simba na Fisi, naye Abunuwasi huwazunguka matajiri, makadhi na hata sultani mwenyewe. Wasikilizaji huwa upande wake, kwa kuwa anayeumia ni mkubwa au mchoyo. Lakini mjanja huyohuyo akimgeukia maskini, tumwiteje? Hadithi zenyewe hazikuwa na haraka ya kujibu.

Magazeti nayo yalichelewa. Miaka ya 1950 alianza kutamba Juha Kalulu, kibonzo cha Mkenya Edward Gitau kilichodumu kwa miongo mingi katika Taifa Leo. Juha Kalulu hakuwa mwovu. Alikuwa mtu wa kukosea, na makosa yake yalituchekesha kwa sababu hayakumdhuru mtu. Enzi hizohizo matangazo ya majarini yalichorwa kwa visanduku vya hadithi, yakimzoesha msomaji wa Kiswahili kufuata kisa kutoka picha moja hadi nyingine.

Mwishoni mwa miaka ya 1960 Christian Gregory alimleta Chakubanga katika gazeti la Uhuru. Gazeti lilikuwa la TANU, na Azimio la Arusha lilikuwa limetangazwa Februari 1967. Majukwaani adui alikwishapewa majina: mnyonyaji, kupe, mwenye mirija. Chakubanga hakupanda jukwaani. Alikuwa mtu wa mtaani mwenye tamaa na udhaifu wa mtu wa mtaani, na kupitia kwake mchoraji aliweza kuwatania wakubwa wa ofisini ndani ya gazeti la chama chenyewe, pasipo kuandika tahariri.

Wapenda mashujaa nao hawakusahaulika. Jarida la African Film, lililotolewa na kampuni ya Drum, lilikuwa na Lance Spearman, mpelelezi mweusi aliyesimuliwa kwa picha za kamera. Miongoni mwa maadui zake alikuwamo Rabon Zollo, mwovu mwenye genge na njama kubwakubwa. Hapa kwetu Faraji Katalambulla, aliyeandika riwaya ya upelelezi Simu ya Kifo mwaka 1965, akaingia katika fani hiyo ya hadithi za picha kwa jarida la Film Tanzania. Waovu wa majarida hayo walikuwa ndugu wa wale wa Marekani: walisisimua, ila hakuna aliyewacheka.

Sani na watu wake

Jina la Sani lilitokana na majina ya waanzilishi wake wawili, Saidi Bawji na Nicco ye Mbajo. Kalamu iliyolipa sura ilikuwa ya kijana Philip Ndunguru. Kwake walitoka Ndumilakuwili, Lodi Lofa, Madenge, Pimbi na Kipepe. Ndunguru alifariki mwaka 1986 angali kijana sana, lakini wahusika wake hawakuzikwa naye. Wachoraji wengine waliwachukua na kuendelea nao.

Watazame mmojammoja. Lodi Lofa hana kazi wala fedha, ila amejipa ulodi. Madenge ni mtoto mtundu ambaye mwalimu akimwona hushika fimbo. Pimbi ni mfupi wa kimo, mrefu wa tamaa, na amejifanya daktari wa mapenzi. Kipepe, aliyekuja kuitwa Komredi, mwaka 2003 aliandikiwa makala na mtafiti Jigal Beez, aliyeonyesha undugu wake na Asterix wa Ufaransa. Katika kundi lote hilo humwoni shujaa hata mmoja.

Wakati wenyewe ulikuwa na sababu zake. Nchi ilikuwa imetoka katika Vita vya Kagera vya 1978 na 1979, na madukani sukari, sabuni na khanga vilikuwa vya foleni na kujuana. Mwaka 1983 ukaja msako wa wahujumu uchumi chini ya Waziri Mkuu Edward Sokoine, na bunge likapitisha sheria maalumu ya kuwashughulikia. Serikali nayo ilikuwa imemchora mwovu wake: mlanguzi anayeficha bidhaa ghalani huku wananchi wakihangaika.

Wakazi wa pwani waliujua ugumu wa picha hiyo. Katika ukanda wenye bandari bubu, jahazi linaloshusha mzigo usiku huwa na mwenyewe, na mwenyewe huyo huwa na ndugu. Aliyeitwa mlanguzi kwenye redio aliweza kuwa ndiye mjomba aliyeleta sukari ya futari. Umshitaki au umshukuru? Mwovu wa jukwaani hakuacha nafasi ya swali hilo. Tapeli wa Sani aliiacha, maana unaweza kumlaani mtu na kumcheka na bado ukataka kujua toleo lijalo atafanya nini.

Ndiyo maana toleo moja halikuwa mali ya mtu mmoja. Barabara ya Dar es Salaam kwenda Bagamoyo, kilometa zipatazo 70, ilikuwa ya vumbi na mashimo, na jarida lililofika lilitumika mpaka likaisha. Lilisomwa kwa kinyozi, likahamia kijiweni, likaazimwa na asiyerudisha. Asiyejua kusoma alifuata picha, na anayejua akasoma kwa sauti na kuongeza chumvi yake.

Adhabu bila jela

Wamarekani walikuwa na kanuni kuhusu mwisho wa mwovu. Mwaka 1954, baada ya daktari Fredric Wertham kuandika kwamba katuni zinaharibu watoto na Seneti kuwaita wachapishaji wajieleze, kampuni za katuni zilijiwekea masharti: uovu lazima ushindwe, na mhalifu lazima aadhibiwe. Mwaka 1955 MAD, iliyoanzishwa 1952 na Harvey Kurtzman chini ya mchapishaji William Gaines, ikageuka kutoka kitabu cha katuni kuwa jarida, na hivyo ikawa nje ya masharti hayo. MAD ilikuwa imekwisha kumfanyia mzaha hata Superman mwenyewe. Kumbe hata huko, ili mchoraji acheke kwa uhuru, ilibidi atoke kwanza katika nyumba ya mashujaa.

Sisi hatukuwa na Batman wa kumfunga mtu kamba na kumkabidhi polisi. Adhabu ya tapeli wa vibonzo vyetu ni kuumbuka. Mpango wake unafichuka mbele ya watu na mke anasikia, kisha watoto wa mtaa wanamzomea. Pwani tunajua uzito wa adhabu hiyo. Faini hulipwa ikaisha, na kifungo kina tarehe ya kutoka, lakini aliyeumbuka sokoni ataendelea kukutana na wale walioona kila asubuhi anapokwenda kununua samaki.

Jukwaani mambo ni hayohayo. Vichekesho vya makundi ya sanaa vya miaka ya 1980 na 1990 vilikula sahani moja na vibonzo, na Amri Athumani wa Tanga, tuliyemjua kama King Majuto hadi alipofariki Agosti 2018, aliwapa watu hao mwili na sauti. Mzee mchoyo, mzee wa totozi, mzee anayemzunguka mwenzake na kuishia kuzungukwa yeye: ni ukoo wa Ndumilakuwili, wenye lafudhi ya Tanga.

Kitambi cha fisadi

Vyama vingi vilirudi mwaka 1992, magazeti binafsi yakamiminika, na vibonzo vikapata nyumba nyingi. James Gayo alikuwa na Kingo, Katti Ka-Batembo akawa na vibonzo vyake, na Masoud Kipanya akampa panya mdogo ruhusa ya kusema ambayo watu wazima waliogopa kuyasema. Godfrey Mwampembwa, yaani Gado, mzaliwa wa Dar es Salaam, alihamia Nairobi kuchorea Nation mwaka 1992, na mwaka 1996 akamrudishia Abunuwasi uhai katika kitabu cha katuni.

Mwovu naye alibadili umbo. Mlanguzi wa 1983 alijificha. Fisadi wa miaka ya 2000 alikuwa mbele ya kamera, suti imembana na kitambi kimetangulia. Kashfa za EPA na Richmond zilipotikisa nchi mwaka 2008, kitambi kilikwisha kuwa alama ambayo msomaji aliielewa bila maelezo.

Lakini fisadi wa kubuni na kiongozi mwenye jina ni watu wawili tofauti. Gado alimchora Rais wa wakati huo, Jakaya Kikwete, mzaliwa wa kijiji cha Msoga, katika The EastAfrican, gazeti la kampuni hiyohiyo ya Nation. Januari 2015 gazeti hilo lilizuiwa kusambazwa Tanzania, serikali ikitoa sababu ya usajili. Mwaka uliofuata Gado hakuwa tena Nation, naye hakuficha kwamba alikuhusisha kuondoka kwake na mchoro ule. Faida ya Ndumilakuwili ilikuwa hapo. Kila mkubwa aliweza kumcheka akiamini anachekwa jirani yake.

Tapeli wa sasa

Vijana wa leo wanamjua zaidi Joker wa filamu ya mwaka 2019 kuliko wanavyomjua mhusika yeyote wa Ndunguru. Si kosa lao, maana karatasi nyingi za Sani ziliishia kufungia karanga. Bagamoyo ina chuo cha sanaa tangu mwaka 1981, ambacho leo ni TaSUBa. Mji wenye taasisi hiyo unastahili kuwa na mahali ambapo mwanafunzi wa uchoraji anaweza kuomba Sani la 1985 na kuletewa mezani, kama anavyoweza kujifunza ngoma za mikoa yote chini ya paa hilohilo.

Nasema hivyo kwa kuwa kazi yenyewe haijaisha. Tapeli mkuu wa zama hizi hatumwoni uso. Tunapata ujumbe wake tu, ule wa "ile hela tuma kwenye namba hii". Anajua lugha ya mzazi, ya mwenye nyumba na ya mganga, na humwandikia kila mmoja kama amjuavyo. Nchi nzima inamfanyia utani mitandaoni, lakini utani wa siku moja hupotea siku hiyohiyo. Hajapata mchoraji wa kumpa jina, kofia na mke wa kumwumbua kila wiki. Ndunguru angekuwapo, asingemwacha apite.