Manowari iliyofia Rufiji na vita vilivyofika Makindu

MAKINDU ni mji wa bara, zaidi ya kilomita 300 kutoka bandari ya Mombasa, na wakazi wake wa mwaka 1914 hawakupata kuiona manowari. Hata hivyo, meli moja ya Kijerumani iliyozamishwa na nahodha wake katika delta ya Mto Rufiji mwaka 1915 ilisaidia kurefusha vita vilivyowatoa maelfu ya vijana wa Ukambani makwao, wengi wao wasirudi.

Meli hiyo iliitwa Königsberg. Neno manowari lenyewe lilitokana na jina la Kiingereza la meli ya vita, likatamkwa kwa ulimi wa pwani na kutumika kwa meli za kivita za kila aina. Wanamaji, lakini, huzitenganisha. Dreadnought ya Uingereza, iliyoingia kazini mwaka 1906, ilikuwa na uzito wa zaidi ya tani 18,000 na mizinga kumi ya inchi 12. Königsberg, iliyoingia kazini mwaka 1907, ilikuwa meli nyepesi ya doria yenye tani zipatazo 3,400 na urefu wa mita 115.

Muundo na mabaharia

Wajenzi wa meli za aina hiyo walipunguza unene wa chuma ili kupata kasi. Königsberg iliweza kwenda takriban kilomita 44 kwa saa. Silaha zake kuu zilikuwa mizinga kumi ya milimita 105, iliyoweza kurusha makombora umbali wa kilomita 12 hivi.

Ilibeba maofisa na mabaharia wapatao 320. Si wote waliokuwa wapiga mizinga. Wengi walifanya kazi chini ya sitaha, wakichota makaa ya mawe na kuyatupa katika matanuri yaliyochemsha maji ya kuendeshea mitambo. Makaa yakiisha, kasi na mizinga havikuwa na maana tena. Huo ndio ulikuwa udhaifu mkubwa wa manowari za enzi hiyo.

Shambulio la Unguja

Chini ya nahodha Max Looff, Königsberg iliwasili Dar es Salaam Juni 1914. Vita vilipoanza Agosti, iliiteka meli ya mizigo ya Kiingereza, City of Winchester, karibu na pwani ya Omani, na kuchukua makaa yake.

Alfajiri ya Septemba 20, 1914, iliivamia manowari ya Uingereza, Pegasus, iliyokuwa imetia nanga Unguja ikifanyiwa matengenezo. Pegasus ilikuwa meli kuukuu, na makombora yake hayakumfikia adui. Ilizama siku hiyo hiyo, na mabaharia wake zaidi ya 30 wakapoteza maisha.

Muda mfupi baadaye mtambo wa Königsberg uliharibika. Looff aliiingiza meli katika vijito vya Rufiji, ikafichwa kati ya mikoko, huku vipuri vikibebwa kwa nchi kavu hadi karakana za Dar es Salaam na kurudishwa.

Kuzingirwa na kuzama

Waingereza waliigundua mwishoni mwa Oktoba. Manowari zao kubwa hazikuweza kuingia, kwa kuwa maji ya delta ni ya kina kifupi. Walifunga mlango wa bahari na kusubiri, huku malaria na kuhara vikiwadhoofisha mabaharia wa Kijerumani.

Aprili 1915, meli ya Kijerumani Rubens, ikijifanya ya Denmark, ilijaribu kuleta makaa. Ilifukuzwa na Waingereza hadi ghuba ya Manza, kaskazini ya Tanga. Makaa hayakuifikia Königsberg, bali bunduki na risasi nyingi ziliokolewa na kupewa jeshi la nchi kavu.

Hatimaye Uingereza ilileta Severn na Mersey, meli zilizojengwa kwa ajili ya mito ya Brazil. Chini yake zilikuwa bapa, hivyo ziliweza kupita palipokuwa na maji machache. Ndege zilizoruka kutoka kisiwa cha Mafia ziliwaelekeza wapiga mizinga. Shambulio la Julai 6 halikufaulu. Lile la Julai 11 liliiteketeza Königsberg, na Looff akaamuru izamishwe.

Kutoka baharini hadi bara

Wajerumani waliopoa mizinga yote kumi, wakaitengenezea magurudumu. Mabaharia waliosalia walijiunga na jeshi la Paul von Lettow-Vorbeck. Mizinga hiyo ilinguruma Kahe na Kondoa Irangi mwaka 1916, ikivutwa kwa kamba na mamia ya wapagazi palipokosekana reli.

Wakati huo, reli ya Mombasa hadi Nairobi, inayopita Makindu, ndiyo iliyokuwa njia kuu ya askari na chakula cha Waingereza. Mwaka 1915 vikosi vidogo vya Wajerumani vilivuka nyika kutoka upande wa Kilimanjaro na kuilipua mara kwa mara.

Mapigano yaliposonga kusini, mbali na reli, kila gunia la unga lilihitaji mabega ya mtu. Serikali ya kikoloni iliwakusanya wapagazi kwa nguvu, na mwaka 1917 msako ulizidi kote nchini, Ukambani ikiwemo. Makumi ya maelfu walikufa, wengi kwa maradhi na njaa kuliko risasi. Majina ya mitaa ya Kariokor jijini Nairobi na Kariakoo jijini Dar es Salaam yametokana na jina la kikosi chao.

Kumbukumbu

Mizinga mitatu ya Königsberg ingalipo: Mombasa katika Fort Jesus, Jinja nchini Uganda, na Pretoria nchini Afrika Kusini.

Mabaharia wa Pegasus walizikwa katika makaburi ya kisiwa kidogo karibu na mji wa Unguja. Wapagazi walio wengi hawakupewa kaburi wala jina juu ya jiwe, ila sanamu za pamoja zilizosimamishwa Nairobi, Mombasa na Dar es Salaam. Mwaka 2021 tume ya makaburi ya vita ya Jumuiya ya Madola ilikiri kwamba Waafrika hao hawakutendewa sawa na wenzao, ikaomba radhi. Ilikuwa imepita zaidi ya miaka 100 tangu vita hivyo vimalizike.