Emilio Ghione, Mwizi Mwungwana wa Filamu Bubu

Emilio Ghione alizaliwa Torino mwaka 1879. Baba yake alikuwa mchoraji, naye mwenyewe alijifunza kuchora picha ndogondogo kabla ya kuvutwa na sinema, biashara mpya iliyokuwa ikishamiri mjini humo. Alianza kwa kuigiza sehemu ndogo. Mwaka 1911 alihamia Roma, akafanya kazi katika kampuni za Cines na Celio, na mwaka 1914 akaigiza pamoja na Francesca Bertini katika hadithi ya Pierrot iliyoongozwa na Baldassarre Negroni.

Baada ya muda mfupi alianza kuongoza filamu, na hapo ndipo alipomzaa mhusika wake Za la Mort, mhuni wa vichochoro vya Paris. Mhuni huyo ni mwizi, lakini hamdhulumu mnyonge. Mwenzake ni Za la Vie, aliyeigizwa na Kally Sambucini, mwandani wa Ghione hata nje ya kamera. Jina la mmoja limebeba kifo, la mwingine uhai.

Silaha kubwa ya Ghione ilikuwa uso wake: mwembamba, mashavu yamebonyea, macho yamezama. Kwa kuwa filamu hazikuwa na sauti, uso huo ndio uliosema. Kamera ikiusogelea, mtazamaji aliona hasira, huruma na uchovu vikipishana bila neno hata moja.

Mwaka 1917 alitoa "Il triangolo giallo" kwa sehemu nne, na mwaka uliofuata "I topi grigi" kwa sehemu nane. Katika mfululizo huu wa pili, Za la Mort anamlinda kijana anayewindwa na genge kwa ajili ya urithi. Mitaa na mashamba ya kweli yalitumika kama mandhari, na ndiyo yanayoipa hadithi uzito hadi leo.

Baada ya Vita Kuu ya Kwanza sinema ya Italia ilidhoofika, ikazidiwa na filamu za Marekani. Mwaka 1924 Ghione alikwenda Ujerumani kumwigiza Za la Mort kwa mara nyingine. Mwaka 1926 alionekana katika "Gli ultimi giorni di Pompei", kisha kazi ikakatika. Akageukia kalamu, akaandika kumbukumbu zake na riwaya ya Za la Mort. Kifua kikuu kilimuua Roma mwezi Januari 1930, akiwa na umri wa miaka 50, fukara, wakati filamu zenye sauti zikianza kutwaa kumbi.